Folda ya Marehemu Kajiru

Sogeeni, aliye nje aingie. Watoto kaeni mkekani, wakubwa jibaneni kwenye benchi, na yule mama aliye karibu na mlango mwacheni hapo hapo, amepachagua mwenyewe. Nina kesi ya kuwapa. Kwingine mgeni huanza kwa chai. Huku kwetu milima ya Pare tunaanza na kesi, chai inafuata. Watani zetu husema Mpare yuko radhi auze ng'ombe ili ashinde kesi ya kuku, nasi hucheka sana, halafu tunakwenda kuuza ng'ombe. Mimi ni mjumbe wa shina hili mwaka wa kumi na nne sasa. Nimeamua mipaka, nimeamua mbuzi, nimeamua ndoa. Hii imenishinda, ndiyo maana nimewaita.

Palikuwa na ndugu watatu, baba mmoja mama mmoja, na kila mmoja alizaliwa na kipaji chake.

Wa kwanza ni Nanzia, katibu muhtasi katika ofisi moja huko Same. Huyu alijaliwa kusoma mpaka mwisho. Barua ambayo wewe na mimi tungeitazama juu juu tukatia sahihi, yeye huisoma hadi yale maandishi madogo ya chini, kisha huuliza maswali mpaka aliyeiandika ajute.

Wa pili ni Elieneza, fundi wa redio na simu, ana kibanda chake Mombo. Huyu alijaliwa kutotupa. Waya uliokatika, betri iliyovimba, rimoti ya televisheni iliyokwisha kuuzwa, vyote anavyo, kwenye maboksi, na kila boksi analijua kwa harufu. Mkewe alishaniambia kwamba kitanda chao kina upande wake, upande wa mumewe, na upande wa maboksi.

Wa tatu ni Senzota, mziwanda, analima tangawizi bonde la pili kutoka hapa. Huyu alijaliwa kurudia. Kazi ikimkataa mara ya kwanza anaanza tena tangu mwanzo, halafu tena, bila kutukana. Ng'ombe wake watundu wote wanakamulika, kwa sababu wao huchoka kabla yake.

Baba yao alikuwa mzee Kajiru, karani wa mahakama, Mungu amweke pema. Alikuwa mtu wa utaratibu mpaka kero. Nyumbani kwake kila karatasi iliandikwa jina la mwenyewe, hata stakabadhi ya kibiriti. Alikuwa na sheria moja aliyowakaririsha watoto tangu wadogo: "Kila karatasi ina mwenyewe. Mwenyewe akiondoka, karatasi zake zimfuate." Ndiyo maana alipofariki, siku ya kuanua matanga, watoto walichoma makaratasi yake yote nyuma ya jiko, kama alivyotaka. Nilikuwepo. Moshi ulitutoa machozi sote, wenye uchungu na wasio nao.

Kitu kimoja hakikuchomwa, ile kompyuta yake ya mezani. Mzee aliinunua kwa ajili ya kurekodi kwaya, maana mkewe Nakijwa ndiye aliyekuwa mwalimu wa kwaya yetu. Hapa naomba nisimame kidogo. Ninyi vijana hamkumsikia Nakijwa akiimba. Mimi nilisimama nyuma yake safu ya sauti ya pili miaka ishirini na moja, na hadi leo nikiosha vyombo nasikia anavyoingia kwenye ubeti. Sauti ile ilikuwa mali ya kijiji kizima.

Basi koo likaanza kumsumbua. Akatibiwa kikohozi, akatibiwa tena kikohozi, na walipolitazama vizuri kwenye hospitali kubwa wakasema kuna uvimbe na kisanduku cha sauti lazima kitolewe. Akapewa wiki mbili za kujiandaa.

Wewe ungefanya nini na wiki mbili za mwisho za sauti yako? Nakijwa alijifungia na kompyuta ya marehemu mchana mmoja, akarekodi maneno yake. Nilimuuliza kwa nini asiandike tu. Akaniambia, "Shoga, mume wangu alikula miaka thelathini mahakamani. Wosia wa karatasi ameuona ukibishaniwa mpaka rufaa, mwandiko si wake, sahihi si yake. Sauti ya mama nani ataibishia?" Kisha akawapigia simu wanawe watatu, mmoja mmoja: sauti yangu iko kwenye kompyuta ya baba yenu, isikilizeni kabla sijarudi.

Alikaa hospitali miezi mitatu. Hakuna aliyeisikiliza. Nanzia alikuwa na ukaguzi ofisini, Elieneza alikuwa na wateja, Senzota alikuwa na mavuno. Sababu zote zilikuwa za kweli, na bado zinaniuma.

Akarudi akiwa na tundu hapa shingoni, amelifunika kwa kitambaa cheupe, na daftari la mistari mkononi. Wanawe wakaja kumpokea. Wakamuuliza habari za hospitali, akaandika. Wakamuuliza ulikuwa umerekodi nini, mama, akaandika: Nilishasema. Sikilizeni. Elieneza akacheka, akauliza kama ni mambo ya nyumba na shamba. Mama akafikiri, akaandika mstari mmoja zaidi, nao ndio uliowasha moto: Lipo fungu la atakayeifungua. Akafunga daftari.

Hapo hapo wote watatu wakakumbuka kwamba wana siku za likizo.

Wakaiwasha kompyuta, na mimi nilikuwepo, nimekuja kumjulia hali shoga yangu. Ile programu ya kurekodi ikakataa kufunguka, kikatokea kibandiko cha maandishi ya Kiingereza. Elieneza akabonyeza Sawa, kikatoweka. Akajaribu tena, kikarudi, Senzota naye akabonyeza Sawa. Walikifukuza hivyo mara tano, mpaka Nanzia akawapiga vidole.

"Nani kati yenu amesoma kilichoandikwa?"

Wakampisha kiti.

Nanzia akavaa miwani akasoma hadi nukta ya mwisho. Programu haiwezi kuanza, kwa sababu faili fulani halijapatikana, na jina la faili likatajwa: sautikwaya, na mwishoni herufi tatu, dll. Lile jina alipolisoma mara ya pili, uso ulimbadilika. Akavua miwani.

"Hili nimelifuta mimi," alisema.

Ni hivi. Mama alipokuwa hospitali, Nanzia alikuja kusafisha nyumba, akasafisha na kompyuta. Faili la mama aliliona, lina jina la mama, akaliacha. Lakini aliona na folda iliyoandikwa KAJIRU, ndani yake mafaili matano. Akayabonyeza, hakuna lililofunguka. Mwenyewe ameondoka, karatasi zake zimfuate. Akaifuta folda, na kwa kuwa ni mtu wa kumaliza kazi, akamwaga na pipa la taka la kompyuta.

"Sasa faili lisilofunguka lina kazi gani?" mimi nikauliza.

"Mama mjumbe, ukiwa na msiba si unaazima sufuria kubwa kwa jirani?" Nanzia akaniuliza.

"Naazima."

"Programu nayo haina kila kitu. Mafaili ya namna hii yanaitwa mafaili ya maktaba, programu inakwenda kuazima kazi kwayo. Hili ni la programu-jalizi, yaani nyongeza ya kuikunjua sauti, kwa sababu baba alikuwa anazikunja ili zisijaze mashine. Lenyewe ukilibonyeza halifunguki, halina picha wala wimbo, utadhani limekufa. Lisipokuwepo ndipo unajua nani alikuwa anabeba nyumba."

Aliyasema hayo mama yake akiwa ameketi nyuma yake, anamenya viazi. Nilimtazama Nakijwa. Hakuinua kichwa.

Basi Nanzia akaandika jina la faili, akaandika toleo la programu, akawaambia wadogo zake kitu gani hasa kinatafutwa. Bila yeye wangekuwa bado wanabonyeza Sawa hadi leo. Na bila yeye, ni kweli pia, faili lingekuwepo.

Ikawa zamu ya Elieneza. Yeye akaanza kwa njia ya mkato, kama mafundi wa Mombo. Akatafuta kwenye mtandao, akakuta tovuti inayogawa bure kila faili lililowahi kupotea duniani. Dada yake akamwambia, "Hao unawajua?" Akasema, "Dada, jina si ndilo hilo hilo?" Akalipakua. Jina lilikuwa ndilo, kilichokuwemo kilikuwa kingine. Kompyuta ikajaa matangazo ya kamari na wanawake wasiojisitiri, mbele ya picha ya mzee Kajiru aliyevaa tai. Mama yao akafunika kioo kwa kitambaa cha meza.

Elieneza aliona haya kweli. Siku ile ile akateremka Mombo, akapangua maboksi tangu adhuhuri mpaka magharibi, na kesho yake akapanda na CD mkononi. Ilikuwa ile ile ambayo programu ya baba ilikuja nayo siku ya kwanza, kwenye bahasha yenye mwandiko wa karani: Mali ya Kajiru. Siku ya kuanua matanga aliinyakua kwenye rundo la kuchomwa, akaificha kwenye koti. Ndiye peke yake aliyevunja sheria ya baba, na bila ya yeye kuivunja, faili halisi lisingepatikana popote. Akaisafisha kompyuta uchafu aliouingiza, akaweka CD. Ilikuwa na mikwaruzo, ikasoma nusu ikakwama, lakini yale mafaili matano yalitoka salama.

Wakayapachika ndani ya programu, maana Nanzia alisema muhimu ni mafaili, folda ni jina tu. Kibandiko kile kile: faili halijapatikana. Wakayaweka mahali pengine. Halijapatikana. Nanzia akasema ameshafanya sehemu yake. Elieneza akasema faili ndilo lenyewe, ila kompyuta haina macho ya kuliona. Wakatoka nje kunywa chai na kupigana mipasho juu ya nani kati yao angekaa kwenye ile nyumba.

Akabaki Senzota. Yeye hakujua Kiingereza cha Nanzia wala mashine za Elieneza. Alijua kurudia. Akafungua folda moja, akaweka mafaili, akajaribu, akatoa, akafungua nyingine. Alifanya hivyo siku ya pili hadi usiku, na asubuhi ya tatu. Kila alipokwama alimgeukia mama yake. "Mama, wewe na baba ndio mlioitumia hii. Haya yalikuwa yanakaa wapi?" Mama hakugusa daftari, alinyoosha kidole ukutani, kwenye picha ya marehemu. Senzota alidhani uchungu umemshika, akamwambia pole mama. Baadaye akauliza tena, mama akanyoosha kidole pale pale. Mara ya nne mama alisimama, akaenda akaigonga ile picha kwa kidole, ko, ko, ko, kwenye kile kibao cha chini kilichoandikwa jina.

Ndipo Senzota akaelewa. Mzee Kajiru hakuacha kitu bila jina la mwenyewe, hata mafaili ya programu. Aliyaweka kwenye folda ya jina lake, akaielekeza programu iwe inakwenda kuazima pale. Senzota akatengeneza folda mpya pale pale Nanzia alipokuwa amefuta ile ya zamani, akaiita KAJIRU, herufi kubwa zote, akaweka yale mafaili matano. Akabonyeza. Programu ikafunguka.

Wenzake walirudi mbio, wakaniita na mimi niwe shahidi. Kabla ya kusikiliza chochote, kesi ikaanza.

"Mama mjumbe uliona mwenyewe," Nanzia alisema. "Bila mimi kusoma, nani angejua kinachotafutwa?"

"Na kujua kinachotafutwa ndiyo kukipata?" Elieneza akajibu. "Faili limetoka kwenye boksi langu."

"Mlikuwa nalo likakataa," Senzota alisema polepole. "Mliniacha peke yangu."

Nikawaambia nyamazeni, msikilizeni kwanza mama yenu. Nakijwa akaweka kisu chini, akafuta mikono, akakaa. Senzota akabonyeza.

Mnisamehe nikitulia hapa kidogo. Sauti yake ikatoka. Imekwaruza, imechoka, lakini ni yeye, anavuta pumzi kabla ya neno kama alivyovuta kabla ya ubeti. Nilimtazama pale alipoketi na kitambaa chake shingoni, anajisikiliza. Sitaki kumwona tena mtu katika hali ile.

"Wanangu," sauti ilisema, "shamba la tangawizi mtaligawa mara tatu, masale, ile mimea ya kuonyesha mpaka, baba yenu alishayapanda. Nyumba nimeipa kwaya, wapate pa kufanyia mazoezi, wachungaji wanajua. Kwa hiyo msigombane, hakuna cha kugombania. Kimebaki kitu kimoja kisichogawanyika, nacho ni mimi. Madaktari wameniambia nitahitaji mtu wa kunisafisha hili tundu asubuhi na jioni, na usiku kunisikiliza kama napumua. Sitaweza kumwita mtu. Sasa, mashine hii najua ni kongwe na inagoma, na ninyi najua mna shughuli. Atakayeacha shughuli zake akahangaika mpaka sauti yangu ikasikika, huyo ndiye nitakayekwenda kuishi kwake hadi Mungu aniite. Hilo ndilo fungu lake. Sitaki kuzungushwa mwezi huku mwezi kule. Begi langu nitakuwa nimelifunga."

Ikakatika. Nje kuku walikuwa wanaparua. Sote tukageuka tukaliona begi, la kahawia, karibu na mlango, limefungwa na kamba. Lilikuwa pale siku zote tatu. Tulikuwa tunaliruka.

Nanzia ndiye aliyekohoa wa kwanza.

"Kusema haki," alisema, "mimi nilisoma tu. Tena ndiye niliyefuta. Mharibifu hapewi zawadi. Mama mjumbe, hata sheria inakataa."

"CD ilikuwa ya baba," Elieneza alisema. "Mimi niliitunza tu. Na yale machafu niliyaleta mimi. Halafu ninyi mnajua kwangu, maboksi yamejaa, mama atalala wapi? Aliyefungua ni Senzota, kila mtu ameona."

Senzota alikuwa anaangalia vidole vyake. Ndiye mpole wao, nami nilikuwa nimemwekea tumaini. Akasema, "Mimi nilifuata kidole cha mama. Kama ni haki, aliyeifungua ni mama mwenyewe."

Nimekaa na kesi za watu wetu miaka kumi na nne. Nimeona ndugu wakipigania mgomba mmoja hadi Moshi. Ile ndiyo kesi ya kwanza katika milima hii ambayo kila mmoja alikuja na ushahidi wa kujiangusha mwenyewe. Walikuwa hodari! Walisifiana! Ndugu ambao saa moja kabla wangetiana vidole machoni, sasa huyu anamwambia yule, hapana, wewe ndiye, bila wewe tusingefika. Ningewapiga bakora wote watatu, na umri wao ule.

Nikamgeukia Nakijwa, nikampa daftari. Nikamwambia, shoga, andika jina moja, nami nitapiga mhuri. Akalisukuma daftari. Akainuka, akaenda kwenye kompyuta, akatafuta kile kitufe alichokizoea, na sauti yake ikasema tena, nyumba nzima ikasikia: "Kimebaki kitu kimoja kisichogawanyika, nacho ni mimi." Akaizima. Akaenda kukaa karibu na begi lake.

Kesi nimeiahirisha mara tatu. Nanzia anasema ukaguzi umerudi. Elieneza anasema anajenga chumba, na tangu masika chumba kina mawe manne. Senzota huleta tangawizi na maziwa kila Jumamosi, anaviacha getini, hapandi ngazi, kwa sababu hawezi kumtazama. Sheria nimeisoma kila upande. Aliyejua kilichopotea, asingekuwa yeye pasingetafutwa kitu. Aliyekihifadhi, asingekuwa yeye pasingepatikana kitu. Aliyekirudisha mahali pake, asingekuwa yeye pasingesikika kitu. Nikimpa mmoja, wawili wanashangilia. Na nikimpa mmoja, nimempeleka mama wa watu kwenye nyumba ambayo ameisikia kwa masikio yake ikimkataa.

Kwa hiyo naiweka mbele yenu, wakubwa na wadogo. Msiogope kutofautiana, hatuondoki hapa mpaka jina lipatikane. Ila nawaomba mchague maneno. Kilichotolewa hospitali ni sauti, masikio anayo, na begi mnaloliona pale mlangoni si la mgeni anayepita.

Haya, shoga yangu anasubiri. Ungekuwa wewe ndiye mjumbe, ungembebea begi lake hadi mlango wa nani?